Siku Kanana Alipopanda Gari la Gotu

Steji ya zamani ya Isiolo ilifagiliwa kutoka upande wa kaskazini kuja kusini, na kama ungemuuliza Kanana sababu, angekujibu bila kuinua kichwa. Watu wa magari ya Moyale na Marsabit ndio walioshuka wamechoka zaidi, kwa hivyo wao wapate mahali safi pa kukanyaga kwanza. Wa kutoka Nanyuki wangengoja kidogo, wao walikuwa wamekalia viti vizuri. Alinyunyiza maji ili vumbi lilale, akashika ufagio wake wa vijiti, akasema maneno machache kimoyomoyo, Mungu awabariki wanaoenda na wanaorudi, kisha akainama akaanza.

Kazi hiyo aliianza mtoto wake wa mwisho akiwa mgongoni, na mtoto huyo sasa naye ana watoto. Alikuja hapa na mumewe Mwongera kutoka milimani, Meru, Mwongera akipakua magunia ya miraa. Mwongera alipoaga dunia, jamaa walimwambia Kanana arudi nyumbani. Akasema sawa, mvua ikinyesha nitarudi. Mvua ikanyesha, ikanyesha tena, na yeye bado yuko mtaa wa Bulla Pesa, chumba kimoja cha kupanga, ufagio nyuma ya mlango.

Zamani hizo lami iliishia hapa hapa mjini. Ukishavuka kizuizi cha polisi ni mawe na changarawe hadi Moyale. Malori hayakuruhusiwa kwenda moja moja kwa sababu ya majambazi. Yalingojeana mpaka yawe msafara, askari mbele, askari nyuma. Basi watu walilala stejini wakingoja, akina mama na watoto, mbuzi na masanduku. Na wale waliotoka kaskazini walishuka kutoka juu ya vyuma vya malori ya ng'ombe, vumbi limewajaa mpaka kwenye kope, wakamuuliza yule mama mwenye ufagio, "Mama, hapa ndiyo Kenya?" Kwa maana watu wa kaskazini wakivuka Isiolo kuelekea Nairobi husema wanaenda Kenya.

"Ndiyo hapa," Kanana aliwaambia. "Karibu Kenya, nawa uso kwanza." Akawaonyesha pipa lake la maji.

Lakini yeye mwenyewe hakuwahi kupanda gari la kwenda huko. Alikuwa amewaona wengi wakiondoka na msafara, na si wote aliowaona wakirudi. Kaskazini kwake palikuwa mahali pa kuombea, si pa kwenda. Hata lami ilipopita, na mabasi yakaanza kwenda Moyale na kurudi kama mtu anayeenda sokoni, mazoea hayo hayakumtoka.

Ni katika siku za malori alipojuana na Amran. Amran Shuriye ni Msomali wa papa hapa mjini, mwanamke mrefu mwenye sauti ya kupasua mawe, na kazi yake ni maziwa ya ngamia. Akina mama wa Gotu, kijiji cha upande wa kaskazini, hukama alfajiri, wakatia maziwa kwenye mitungi ya plastiki, wakayatuma kwa gari la asubuhi. Amran huyapokea, akaonja kila mtungi, kisha akayapakia basi la Nairobi. Jioni mitungi mitupu hurudi Gotu. Kila mtungi umefungwa kitambaa kwenye mkono wake, chekundu, cha maua, kipande cha leso kuukuu, ili mwenyewe ajulikane. Na kabla ya kutiwa maziwa, mitungi hufukizwa kwa moshi wa kuni, ili maziwa yasiharibike njiani kwenye jua. Kwa hivyo mitungi ya Amran ilikuwa imegeuka rangi ya chai, na ilinuka moshi tangu mbali.

Siku ya kwanza Amran alimjazia Kanana kikombe. "Kunywa, Mkristo wangu. Hayatakusilimisha."

Kanana akanywa chote kwa heshima. Kutwa nzima alikuwa mbio kati ya ufagio na choo.

"Pole abaayo," Amran akamwambia, kwa maana ndivyo Msomali anavyomwita dada. "Tumbo lako limezoea ng'ombe. Ngamia akiingia huosha nyumba kwanza."

Tangu siku hiyo wakawa dada. Mwezi wa Ramadhani Kanana hakunywa chai mbele yake. Krismasi ikija, Amran alimletea mchele na kumwambia asimwekee nyama, anajua hakuichinja Mwislamu.

Sasa ikaja habari ya steji mpya. Ilijengwa pembeni mwa mji, yenye paa la juu, vyoo vya vigae, na chini kabro tupu, matofali ya kupangwa, hakuna vumbi. Kanana alipelekwa kuiona, akapewa aproni ya kijani. Alijaribu ufagio wake pale chini, vijiti vikanasa kwenye nafasi za kabro kama meno ya kitana kwenye nywele ngumu. Akacheka peke yake. Hata hivyo moyo wake ulifurahi. Aliwaza wale akina mama wa zamani waliolala chini na watoto, akasema, laiti wangeona.

Ila shida haibishi hodi. Wiki ile ile ya kuhamia, Amran aliteleza bafuni kwake akavunjika mguu. Kanana alimkuta kitandani, plasta mpaka gotini.

"Nitunzie mitungi yangu," Amran akasema. "Asubuhi pakia maziwa kwa basi, makanga anajua. Jioni mitupu mpe Abdikarim. Hakuna kazi ingine."

"Hiyo tu?"

"Hiyo tu. Hata mtoto anaweza, kwa hivyo nawe utaweza."

Abdikarim ndiye mwenye pikapu ya Gotu. Kazi ilienda vizuri mpaka Jumatano, Mungania alipopita. Mungania ni msimamizi wa steji mpya, kijana mpole lakini mwenye wasiwasi, kwa sababu ufunguzi ulikuwa Jumamosi na wageni wakubwa walikuwa wanakuja.

"Mama Kanana, hii mitungi iingie kule namna hii?" akauliza. "Angalia uchafu. Na hivi vitambara."

"Ni ya Amran."

"Najua. Banda la maziwa liko moja tu, na nimemwekea. Lakini Jumamosi nikikuta ni chafu, au ni tupu, nitawapa watu wa soda. Wamekuwa mlangoni kwangu kila siku. Sitaki kumnyima mama mgonjwa, lakini mimi pia nina wakubwa wangu."

Kanana akaona kwamba kazi yote ya Amran imewekwa mikononi mwake. Na mikono yake ilijua jambo moja vizuri, nalo ni usafi. Mitungi iliporudi kutoka Nairobi, aliipeleka kwenye pipa, akachemsha maji, akanunua sabuni ya unga ile yenye harufu ya maua, akasugua kwa mchanga laini nje na ndani. Alisugua mpaka mabega yakauma. Vile vitambaa vilikuwa vimeganda mafuta na moshi, akavikata kwa kisu. Kwa kuwa hajawahi kutupa nguo maishani mwake, alivifua, akavianika, akavikunja kwenye kikapu. Mitungi ikatoka ya manjano kama mipya. Akaitia kwenye magunia safi isishike vumbi tena, akafunga midomo ya magunia, akampa Abdikarim. Siku hiyo alienda nyumbani akimshukuru Mungu kwa nguvu alizompa.

Alhamisi pikapu ya Gotu ilifika bila mtungi hata mmoja.

Abdikarim alishuka polepole. Alikuwa kijana wa kucheka, lakini siku hiyo hakucheka. "Mama, umewafanya nini watu wa Gotu?"

"Nimewafanya nini? Nimewaoshea mitungi."

"Na vitambaa?"

"Nilitoa. Vilikuwa vichafu."

Abdikarim akashika kichwa. "Mama, mtungi ukirudi bila kitambaa maana yake ni moja tu. Mnunuzi amesema, tumemalizana, usiniletee tena. Ndivyo wanavyoachana. Hawatukanani, hawapigiani kelele. Anatoa kitambaa, basi. Na wewe umetoa vyote. Gababo alipofungua gunia alikaa chini."

Gababo alikuwa mkubwa wa akina mama hao, Mborana, mtu aliyemuuzia Amran tangu enzi za msafara. Kanana alikuwa ameviona vitambaa hivyo miaka na miaka, akadhani ni alama tu ya kujua hiki cha nani, hiki cha nani. Kuachana hakuwahi kukuona, kwa kuwa Amran hakuwahi kuachana na mtu.

Akatembea mpaka kwa Amran. Njiani alitafuta maneno mazuri, asipate. Akasimama mlangoni akasema kama ilivyo.

Amran alijivuta akakaa kitandani. Kisha akauliza, "Umeosha kwa sabuni?"

"Ya unga."

"Ile ya harufu?"

"Ya maua."

Amran akajifunika uso kwa ushungi, mabega yakatetemeka. Kanana akadhani analia, akapiga magoti kando ya kitanda, ndipo akasikia kwamba ni kicheko. Lakini kicheko nacho kilipofika mwisho kikageuka, na Amran alipofunua uso macho yalikuwa mekundu.

"Tangu nisikie gari limekuja bila maziwa nampigia Gababo," akasema. "Hashiki. Na hata akishika, simu ni upepo. Aliyefungua ndiye hufunga. Ingekuwa ni mkono wangu, ningeenda kwa mguu huu huu. Lakini si mimi niliyefungua."

"Unasema mimi niende Gotu?"

"Nani mwingine?"

"Amran, mimi sijawahi kwenda huko."

"Umekaa stejini miaka yote hiyo."

"Nilikuwa nafagia."

Amran akaushika mguu wake. "Na ile siku ya hotuba za wageni ni Jumamosi," akasema taratibu. "Sikulazimishi, abaayo. Nikikosa banda nitauza nyumbani. Wachache watanijua."

Hapo ndipo Kanana aliposhindwa. Kama Amran angempigia kelele, labda angebishana naye.

Ijumaa, watu walipotoka msikitini, Kanana alipanda mbele kwenye pikapu ya Abdikarim, kikapu cha vitambaa mapajani, kitambaa chake cha bluu cha akina mama wa kanisa kichwani. Manamba waliokuwa wakiwaita abiria walimwona wakaacha kazi yao.

"Mathe, ni wewe unasafiri? Nani atafagia?"

"Mtafagia nyinyi. Mna mikono."

Gari lilipovuka pale kizuizi kilipokuwa zamani, alifumba macho akaomba. Alipoyafumbua, dunia ilikuwa bado ipo, pana, miti mifupi mifupi, mlima umebaki nyuma.

"Ndiyo hii tu?" akamuuliza Abdikarim.

"Ulidhani kuna nini?"

Kanana alitazama nje. Aliwawaza wale aliowaombea miaka yote bila kujua walikuwa wanaona nini.

Gotu walimpokea vile mgeni anavyopokelewa, si zaidi. Mitungi yake ya manjano ilikuwa imepangwa nje ya nyumba ya Gababo, midomo chini, hakuna aliyeigusa. Gababo mwenyewe alikuwa mwembamba, mgongo umenyooka, anasuka chombo cha nyuzi.

"Nagaa?" Kanana akasalimu. Hiyo ni amani, na Kiborana chake hakikwenda mbali zaidi ya hapo.

"Nagaa," Gababo akaitikia. "Habari ya Kenya?" Akaendelea kusuka.

Kanana akakaa chini bila kungoja kiti. Akatandaza leso, akavipanga vitambaa juu yake kimoja kimoja. Akina mama wengine wakasogea.

"Amran hajawakataa," akasema. "Amran amelala, mguu umevunjika, na hajui kuacha mtu. Ni mimi. Mimi ni mfagiaji. Nikiona kitu kimeshika moshi naona uchafu. Niliosha kwa kumpenda yeye, nikawaumiza nyinyi. Naomba mnisamehe."

Mama mmoja akachukua mtungi, akafungua, akanusa, akampa mwenzake naye akanusa.

"Unanuka harusi," yule wa pili akasema.

Wa tatu akacheka puani, akajizuia. Gababo hakucheka. Alinyoosha mkono juu ya vitambaa akitafuta chake, akavipita vyote. "Changu hakipo. Changu ni cheusi."

"Hakukuwa na cheusi nilipomaliza kufua," Kanana akasema. Akatafuta, akainua kimoja kilichokuwa na fundo gumu pembeni, fundo alilolikumbuka kwa sababu lilimsumbua. "Hiki kilikuwa cheusi."

Kilikuwa chekundu, na maua madogo meupe.

Gababo akakipokea. Akakigeuza. Akakiweka puani, halafu akakumbuka hakitanuka kitu ila sabuni. "Hii ilikuwa leso ya mama yangu," akasema. "Nilisahau ilikuwa na maua."

Kisha akaweka kazi yake kando, akainuka, akaleta mtungi wake, akauweka mbele ya Kanana. "Haya, funga. Aliyefungua ndiye hufunga."

Wakapanga foleni, kila mmoja na mtungi wake, kila mmoja akichukua kitambaa chake bila kubahatisha, na Kanana akafunga vyote kwa mkono wake. Gababo alisimama juu yake kama mwalimu wa sindano.

"Hilo fundo gani? Unafunga mbuzi?"

"Kwetu ndivyo tunavyofunga kuni."

"Maziwa si kuni. Fungua. Legeza. Hapo."

Walipomaliza ikabidi sabuni ifukuzwe. Walifukiza mitungi jioni yote, na Kanana wakamkalisha kwenye moshi, afukize kama wao. Machozi yakamtoka, kikohozi kikamshika, kitambaa chake cha kanisa kikanuka kama jiko. Akina mama wakamwambia sasa anaanza kunuka kama mtu.

Kabla ya kulala Gababo alimletea mtungi mdogo, mkono wake hauna kitambaa. "Huu ni wako, wa chai. Nani atajua ni wako?"

Kanana akafikiri kidogo. Akavua kitambaa cha bluu kichwani, akachana ukingo wake, akafunga. Safari hii fundo halikusahihishwa.

Asubuhi ya Jumamosi pikapu iliingia steji mpya ikiwa imejaa mitungi ya maziwa. Kanana alishuka kwa shida, miguu imekufa ganzi, vumbi limemjaa. Wageni walikuwa bado hawajafika, lakini viti vilikuwa vimepangwa. Na chini, Mungu wangu, karatasi, maganda ya miraa, chupa, kila mahali. Hakuna aliyekuwa amefagia.

Mungania akaja mbio. "Mama Kanana, ulipotelea wapi? Wageni wako njiani."

"Ngoja kwanza," Kanana akamwambia, na hakuwa mtu wa kumwambia bosi ngoja. Yeye na Abdikarim wakabeba mitungi mpaka bandani, wakaipanga safu kwa safu, vitambaa vyote mbele vinaonekana. Watu wa soda walikuwa wamesimama kando na makreti yao. Wakaangalia, wakayainua wakaenda zao.

Mungania akainama, akanusa. "Bado ina rangi ya moshi."

"Ndiyo. Ni safi sana."

"Na inanuka."

"Siku ikinuka maua, mwanangu, usinywe maziwa yake."

Mungania akatazama vile vitambaa vilivyofuliwa, vinapepea kidogo, vyekundu, vya maua, kimoja cha bluu. Akakuna kichwa. "Vinapendeza," akasema, kama mtu aliyeshindwa mahali asipojua.

Ndipo ikaingia boda boda, na nyuma yake amekaa Amran, mguu wa plasta umenyooshwa mbele kama mkuki. Nyuma yao ulifuata mkokoteni, na juu ya mkokoteni lile pipa la Kanana kutoka steji ya zamani, kutu na yote.

"Mama, pipa halitakiwi humu," Mungania akaanza. "Kuna mifereji."

"Nimejaribu mfereji wako," Amran akamjibu. "Umenikoholea. Siku utakapotoa maji, nitaliondoa." Mungania akasogea kando, kwa maana ilikuwa kweli, maji yalikuwa bado hayajaunganishwa.

Amran akashushwa, akaketi bandani kwake. Hakumsalimu Kanana. Alichukua mtungi wa Gababo, akatazama kile kitambaa chekundu, akalishika fundo, akalijaribu kwa kidole. Akafungua, akamimina kidogo kwenye kifuniko, akaonja. Alionja mmoja baada ya mwingine, kama kila siku, mpaka akafika kwenye mdogo wa bluu. Huo hakuuonja. Aliusogeza tu karibu na mguu wake.

Kisha akamtazama Kanana, kope zimejaa vumbi, aproni ya kijani mkononi haijavaliwa.

"Umetoka mbali," akasema. "Karibu Kenya. Nawa uso kwanza."

Kanana akainama juu ya pipa, akanawa. Maji yalikuwa na ladha ya kutu aliyoizoea. Akajipangusa kwa kitambaa chake kilichochanika, akavaa aproni, akachukua ufagio mpya wa plastiki uliokuwa ukimngoja ukutani. Basi la Moyale lilikuwa linaingia getini. Akaenda akaanzia upande ule.